Alikuwepo, na Lake Halikuwepo: Mohamed Husen katika Sinema ya Wadachi

Utangulizi

Mwanafunzi wa fasihi akikabidhiwa kazi ya sanaa huuliza maswali mawili: kazi hii yasema nini, na yasemaje? Maudhui na fani, basi. Maswali hayo yametufikisha mbali na makala hii haina nia ya kuyabeza. Lakini yote mawili huelekezwa kwa mtunzi. Tunamtafuta aliyeshika kalamu, tunamhoji, tunampa maksi. Sasa je, yule ambaye hakushika kalamu? Yule aliyewekwa nyuma ya bwana, kashika sinia, mpaka mwongozaji aseme imetosha? Huyo tumhakiki vipi? Au tumwache, kwa kuwa eti hana "kazi" ya kuhakiki?

Mtu ninayetaka kumjadili ni mzaliwa wa Dar es Salaam aliyeonekana katika filamu zisizopungua 23 za Kijerumani kati ya mwaka 1934 na 1941. Nyumbani aliitwa Mahjub bin Adam Mohamed. Ujerumani alijulikana kama Mohamed Husen, na siku hizi wengi humwandika Bayume Mohamed Husen. Wajerumani wamekwisha mwandikia kitabu: Marianne Bechhaus-Gerst alitoa wasifu wake mwaka 2007. Wamekwisha mtengenezea filamu pia: Eva Knopf alitoa Majubs Reise, yaani safari ya Majub, mwaka 2013. Sisi wa kwao tuna nini? Katika mijadala yetu ya fasihi na sanaa za maonyesho jina lake ni nadra kusikika.

Methali yetu husema asiyekuwepo na lake halipo. Nitajaribu kuonyesha kwamba kwa Husen methali hii ilipinduliwa: yeye alikuwepo, tena kwa miaka saba, mbele ya kamera kabisa, na lake bado halikuwepo. Kazi ya mhakiki ni kuuliza hilo liliwezekanaje.

Ububu wa aina mbili

Tuanze na sinema bubu, maana ndiyo iliyomtangulia. Mwaka 1913 mwigizaji mmoja wa Kijerumani, Meg Gehrts, alisafiri na Hans Schomburgk hadi Togo, ambayo wakati huo ilikuwa koloni la Ujerumani kama ilivyokuwa nchi yetu. Walipiga filamu huko. Mojawapo ilikuwa ni hadithi ya mwanamke wa Kizungu anayefanywa mungu na Waafrika, na mungu huyo ni Bibi Gehrts mwenyewe. Filamu haikuwa na sauti. Hakuna aliyemsikia Gehrts akinena neno, kama ambavyo hakuna aliyewasikia Watogo waliomzunguka.

Mtu aweza kudai kwamba hapo wote walikuwa sawa, wote mabubu. Hapana. Mwaka 1915 kilitoka London kitabu cha Gehrts juu ya safari ile, kwa jina lake na kwa maneno yake. Alichonyimwa na mtambo alikipata kwa kalamu. Ububu wake ulikuwa wa kiufundi, na ulikwisha taa za ukumbi zilipowashwa. Wale Watogo je? Wao ububu wao haukutokana na mtambo, kwa hiyo mtambo ulipopata sauti haukuwasaidia kitu.

Ushahidi wa jambo hili ni Husen. Yeye hakuwahi sinema bubu. Alipoingia studio mwaka 1934 filamu za Ujerumani zilikuwa zimekwisha anza kusema. Kijerumani alikijua tangu utotoni. Isitoshe, kusema ndiko kulikomlisha: alikuwa akifundisha Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Berlin. Basi ukimtafuta mtu aliyefaa kupewa maneno katika filamu kuhusu Afrika ya Mashariki, usingempita huyu. Walichompa mara nyingi ni sura ya mtumishi, mpagazi, mhudumu au askari, mtu wa kupita nyuma, na mara chache maneno mawili matatu. Alikuwa bubu katika filamu zenye sauti.

Nani huyu Husen?

Alizaliwa Dar es Salaam tarehe 22 Februari 1904. Baba yake alikuwa askari mwenye asili ya Sudan katika jeshi la Wadachi, mwenye cheo cha efendi. Kijana alijifunza Kijerumani, akafanya kazi ya ukarani Lindi. Vita Kuu ya Kwanza ilipofika aliingia jeshini pamoja na baba yake, akiwa na umri wa miaka kumi tu, akafundishwa kazi ya ishara. Oktoba 1917 alijeruhiwa katika mapigano ya Mahiwa, kule kusini, akawa mateka wa Waingereza. Yaani kabla hajafikisha miaka kumi na minne alikuwa amekwisha kuwa karani, mwanajeshi, majeruhi na mfungwa.

Baada ya vita alifanya kazi ya uboi na utumishi melini, na mwaka 1929 akafika Berlin. Jambo alilolifanya huko tulitilie maanani. Alikwenda Wizara ya Mambo ya Nje kudai mshahara wa vita ambao yeye na baba yake hawakulipwa. Wakamkatalia: muda wa madai umepita. Baadaye akaomba nishani waliyopewa wapiganaji wa mstari wa mbele. Wakamkatalia hiyo pia. Akabaki Berlin akihudumia wateja katika jumba la starehe la Haus Vaterland, akifundisha chuoni, akaoa, na filamu zilipokuja akaigiza.

Ndoa yake na Maria Schwandner ilifungwa tarehe 27 Januari 1933. Siku tatu baadaye Hitler alikabidhiwa madaraka. Mwandishi wa riwaya angepanga tarehe hizi hivyo tungemlaumu kwa kulazimisha matukio. Kumbe ndivyo yalivyokuwa.

Mwaka 1934 akapewa nafasi katika Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, filamu ya Herbert Selpin kuhusu vita vilevile alivyovipigana. Mhusika aliyepewa ni Mustapha, kijana wa ishara. Hebu tulitazame jambo hili kwa makini. Mtu mzima wa miaka thelathini anaigiza utoto wake mwenyewe, mbele ya watu ambao serikali yao imekataa kumlipa kwa utoto huohuo. Kuukumbuka utumishi wake kwenye skrini kulikubalika. Kuulipia ofisini hakukukubalika.

Bagamoyo mpaka Berlin

Wapo watakaoona kwamba Husen ni kisa cha pekee, ajali tu ya historia. Sikubaliani nao, na sababu yangu ipo Bagamoyo.

Miaka thelathini hivi kabla yake, Chuo Kikuu kilekile cha Berlin kilikuwa na mwalimu mwingine wa Kiswahili, Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Bagamoyo. Wengi wetu tunamfahamu kwa Desturi za Wasuaheli, kitabu kilichotoka mwaka 1903 kwa uhariri wa Carl Velten. Tunakitumia tukitafuta habari za jando, za ngoma, za mahari, za mambo ya watani na watumwa. Lakini maisha ya mwenye maneno yale hatuyasomi sana. Mtoro alioa mwanamke wa Kijerumani, Bertha Hilske, mwaka 1904. Mwaka uliofuata wakapanda meli kurudi kwao Mtoro. Walipofika Dar es Salaam serikali ya koloni ikamkataza Bertha kushuka. Mume mweusi na mke mweupe mitaani Bagamoyo! Ingekuwaje heshima ya Mzungu? Wakageuza njia wakarudi Ujerumani, na Mtoro akafia huko mwaka 1927.

Miaka miwili baadaye Husen akafika. Kazi ileile ya lugha, chuo kilekile, na ndoa ya namna ileile. Kwa hiyo tunachokiona si ajali. Ni nafasi iliyokuwa imekwisha chongwa: Mswahili wa kuitoa lugha yake darasani ili Mdachi aende akatawale nayo. Mtoro alifundisha walipokuwa na koloni. Husen alifundisha walipokuwa wamelipoteza na wakiota kulirudisha. Wote wawili walitakiwa kwa ulimi wao na kukataliwa kwa miili yao.

Tofauti yao ndiyo inayomhusu mhakiki. Mtoro aliacha maandishi. Hata kama Velten alishika mkasi wa mhariri, sauti ya Mtoro inasikika: anaeleza, anapanga, anachagua la kutangulia. Husen, kwa upande wa sanaa, ametuachia sura yake tu katika hadithi za wengine.

Filamu ya Carl Peters na utenzi wa Mrima

Filamu yake ya mwisho, na yenye nafasi kubwa zaidi kwake, ni Carl Peters ya mwaka 1941. Mwongozaji ni Selpin tena, na Peters ni Hans Albers, aliyekuwa miongoni mwa nyota wakubwa wa Ujerumani. Husen ni Ramasan, Mwafrika anayemwongoza Peters njia.

Peters wa historia tunamjua. Novemba 1884 alivuka kutoka Unguja akashukia Saadani, kaskazini ya Bagamoyo, akaelekea Usagara akitia watu saini katika karatasi wasizozijua. Kwa wiki chache alikuwa na mikataba kumi na miwili, na tarehe 27 Februari 1885 Kaisari akampa hati ya ulinzi. Huko Kilimanjaro, miaka ya 1891 na 1892, aliwanyonga mtumishi wake Mabruk na mwanamke aitwaye Jagodja. Jambo lile likazua kelele mpaka bungeni Berlin, na mwaka 1897 akafukuzwa kazi. Watu wetu walimpa jina: Mkono wa Damu.

Filamu inampindua Peters huyu akawa shujaa aliyeonewa. Maadui wake ni Waingereza, makarani wa Berlin na Myahudi serikalini. Waafrika je? Si maadui hasa, wala si marafiki hasa. Ni mandhari. Wanabeba, wanacheza ngoma, wanasaliti, wanaongoza njia. Hapa fani na maudhui havitenganishiki. Kuwanyima Waafrika maneno si upungufu wa fani uliotokea kwa uvivu wa mwandishi wa mswada. Huo ndio ujumbe wenyewe. Nchi isiyo na wasemaji ni nchi isiyo na wenyewe, na isiyo na wenyewe yachukuliwa.

Sasa tuiweke filamu hiyo kando ya kazi nyingine iliyohusu pwani hiyohiyo: Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima wa Hemedi bin Abdallah el-Buhry. Hemedi alitunga kuhusu matukio yaliyokuwa bado ya moto. Kule Pangani Abushiri aliongoza upinzani mwaka 1888, Bagamoyo ikashambuliwa, Saadani Bwana Heri akasimama kidete, na Desemba 1889 Abushiri akanyongwa palepale Pangani. Anayeusoma utenzi ule ataona jambo la kwanza kabisa: watu wanasema. Wanapeana habari, wanajibizana, wanafanya shauri, wanatuma barua. Wadachi nao wana maneno yao. Mtunzi ana upande wake, na hafichi, lakini hakumziba mdomo adui ili ashinde mabishano.

Nadhani huu ni mtihani mzuri kwa kazi yoyote inayohusu ukoloni. Usiulize kwanza kama ina "msimamo sahihi". Hesabu wasemaji. Hemedi, mtu wa upande ulioshindwa, anamwachia mshindi nafasi ya kusema. Selpin, mwenye studio na taa na fedha, anaogopa hata Ramasan asije akasema mengi.

Na Ramasan yule ni nani? Ni mwalimu wa Kiswahili. Ni mtu ambaye kama angeulizwa Saadani iko wapi, angeijibu studio nzima. Ni mtoto wa efendi ambaye vita vya Wadachi vilimtoboa mwili. Mtu mmoja pale studio aliyekuwa na historia ya nchi ile ndani ya mwili wake ndiye aliyeagizwa amtazame Albers kwa macho ya kustaajabu.

Kibaraka au mhanga?

Hapa najua wenzangu wengine watanyanyuka. "Ah, huyu si kibaraka tu? Baba askari, mtoto askari. Kavaa sare ya mkoloni, kafundisha maofisa wa mkoloni, kaigiza propaganda ya Wanazi. Leo tumlilie?"

Hoja hii ina uzito na haifai kuipuuza. Ni kweli Husen alijitokeza kwa sare katika shughuli za wale waliotaka makoloni yarudi. Ni kweli aliitaka ile nishani. Na askari wa Wadachi hawakuwa malaika. Ukienda Bagamoyo utaonyeshwa penye mnara wa mahali pa kunyongea, na kamba zile hazikushikwa na Wazungu peke yao. Anayetaka kumfanya Husen shujaa wa ukombozi atalazimika kusema uongo, na uongo haumsaidii marehemu.

Lakini neno "kibaraka" linafunga mjadala mapema mno. Kibaraka hulipwa. Huyu hakulipwa, ndiyo maana alidai. Tazama mfululizo wenyewe: anadai mshahara, anakataliwa. Anadai nishani, anakataliwa. Kila safari anawaambia Wadachi: mlisema mimi ni wenu, basi nitendeeni kama wenu. Ukitaka sauti ya Husen, iko katika madai hayo, wala si katika filamu. Alilishika neno lao akawarudishia liwe deni. Kwa maoni yangu madai yale tuyasome kama tunavyosoma mahojiano ya mhusika na mwenye nguvu katika tamthiliya. Kinjeketile wa Ebrahim Hussein, mwishoni, anashika neno moja na anakataa kuliachia kwa kuwa anajua wengine watalitumia. Husen naye alishika neno moja, "uaminifu", na tatizo lake ni kwamba neno lile halikuwa lake. Lilikuwa la wenye kumdai.

Malipo yake yalikuja mwaka 1941. Wakati filamu ya Carl Peters ikitengenezwa alidaiwa kuwa na uhusiano na mwanamke mweupe. Gestapo wakamkamata. Hapakuwa na kesi mahakamani. Septemba mwaka ule alipelekwa kambi ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, akakaa miaka mitatu, akafa tarehe 24 Novemba 1944. Kwa hiyo filamu ilionyeshwa katika majumba ya sinema hali mwigizaji wake yuko kambini. Watazamaji walilipa kiingilio wakamwona Ramasan akimwongoza bwana wake porini, ilhali Ramasan mwenyewe yuko nyuma ya seng'enge, umbali wa safari fupi ya treni.

Baada ya hapo swali la kibaraka au mhanga linaanza kuonekana dogo. Alikuwa vyote viwili kwa nyakati tofauti, na pengine kwa wakati mmoja. Fasihi yetu imejaa wahusika wa aina hiyo na huwa tunawapenda kwa kuwa ni "duara", si "bapa". Kwa nini binadamu halisi tumtake awe bapa?

Kusoma pembeni

Napendekeza basi tuwe na desturi ya kusoma pembeni. Filamu kama Carl Peters tusiitazame katikati, alipo Albers na taa zake. Katikati pamekwisha jazwa na propaganda, hapana jipya. Tutazame pembeni: nani amesimama, ameshika nini, anatazama wapi, ananyamazishwa lini. Filamu ya Eva Knopf imefanya jambo hilo kwa mafanikio, inamfuata Husen katika vipande vya filamu za watu wengine mpaka yule mtu wa nyuma anakuwa wa mbele. Sisi tunayo faida ambayo yeye hakuwa nayo: Kiswahili, na pwani yenyewe.

Wala tusidhani kwamba jambo hili lilikwisha na Wadachi. Miaka ya mwanzo ya 1950 Tanganyika ilipata filamu za Kiswahili kama Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi, na mwigizaji mkuu akawa Rashidi Kawawa, ambaye mwaka 1962 alikuja kuwa Waziri Mkuu. Filamu zile nazo zilikuwa za serikali ya mkoloni, na mafunzo yake yalikuwa ya mkoloni: mshamba angalia mjini usitapeliwe. Lakini Kawawa alisema, kwa lugha ambayo hadhira iliielewa, na hadhira ikacheka pale ilipotaka yenyewe. Kati ya Ramasan na mshamba wa Muhogo Mchungu ni miaka kama kumi tu, na hata hivyo hatua ni ndefu kweli.

Hitimisho

Berlin, mbele ya nyumba nambari 193 mtaa wa Brunnenstraße, limetiwa jiwe dogo lenye bamba la shaba na jina la Husen. Liliwekwa mwaka 2007. Ni jambo jema, na Wajerumani waliolifanya wastahili shukrani. Ila jiwe lile linamkumbuka kama aliyekufa kwao. Aliyezaliwa kwetu bado hatujamkumbuka.

Sisemi tujenge sanamu. Nasema mambo madogo yanayowezekana. Darasa likisoma utenzi wa Hemedi, wiki inayofuata liitazame filamu ya 1941 na kuhesabu wasemaji. Tukienda Bagamoyo kwa wenzetu wa Taasisi ya Sanaa, wale wanaofundishwa jinsi ya kusimama jukwaani, tuwape swali la Husen: mwigizaji akipewa nafasi inayomdhalilisha na tumbo lina njaa, afanye nini? Si swali la zamani hilo. Filamu za kigeni bado hupigwa Afrika, na bado anahitajika mtu wa kushika sinia nyuma.

Na anayeona nimemtetea Husen kupita kiasi, au nimemwonea Hemedi kwa kumlinganisha na Selpin, aandike. Uwanja ni wetu sote.